Mzee Aung Ko: Mburma aliyeigiza kwa jina lake mwenyewe

Msomaji mmoja wa Tanga ameniandikia hivi: "Shikamoo mwalimu. Nimeitazama filamu ya Beyond Rangoon kwa mara ya pili, na majina yalipopita mwishoni nikaona kwamba yule mzee wa Kiburma anayemtembeza daktari wa Kimarekani anaitwa Aung Ko ndani ya filamu na nje ya filamu. Je, ni mwigizaji wa kweli, au ni mtu aliyekuja kuyaeleza maisha yake mbele ya kamera? Kwa nini yeye ni Mburma, lakini Aung San Suu Kyi, yule kiongozi wa wapinzani wa Burma, akaigizwa na mtu wa taifa jingine? Na je, uhusika wake una uzito wowote, au yupo tu kwa ajili ya kumsindikiza mgeni? Nauliza pia kwa sababu marehemu babu yangu alipigana Burma (leo Myanmar) akiwa keya, yaani askari wa King's African Rifles, na nimekuwa nikijiuliza kama ule mto na ile misitu ndiyo aliyoiona yeye."

Marahaba, mwanangu. Aung Ko alikuwa Mburma hasa, akiishi uhamishoni nchini Ufaransa, wakati mwongozaji wa Kiingereza John Boorman alipompa nafasi katika filamu hii iliyotoka mwaka 1995. Kisa si chake. Mswada uliandikwa na Alex Lasker na Bill Rubenstein, na safari ya daktari Laura Bowman, anayeigizwa na Patricia Arquette, ni ya kubuni: mwanamke aliyeuawa mumewe na mtoto wake anapelekwa utalii Burma na dada yake ili apate nafuu, anapoteza pasipoti, wenzake wanaondoka, naye anabaki katikati ya maasi ya mwaka 1988. Kwa hiyo huyo mzee hayaelezi maisha yake. Hata hivyo, anapozungumza juu ya nchi iliyomtupa, hazungumzi habari aliyoisoma katika mswada peke yake, na nadhani hicho ndicho kilichokufanya uulize.

Hapa niliweke sawa jambo dogo la jina, kwa sababu wengi hulikosea. Ile "U" inayotangulia si sehemu ya jina. Ni neno la heshima ambalo asili yake ni mjomba au ami, na Waburma hulitumia kwa mwanamume mtu mzima kama sisi tunavyosema Mzee fulani au Bwana fulani. Mwanamke mtu mzima huitwa "Daw", yaani shangazi, ndiyo maana utasikia Daw Aung San Suu Kyi. Hata U Thant, aliyekuwa Kaimu Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa wakati Tanganyika inajiunga na umoja huo Desemba 1961, jina lake lilikuwa Thant tu, kwani Waburma kwa desturi hawana jina la ukoo. Basi mhusika wetu tungemwita Mzee Aung Ko, na tukimwita hivyo tumemwelewa nusu nzima: filamu inamleta kwetu kama mzee wa kuheshimiwa aliyeshushwa cheo na dola, wala si kama dereva.

Ili uone uzito wa kushushwa huko, ni lazima ujue mwalimu wa chuo kikuu alikuwa nani katika Burma ya Jenerali Ne Win. Jenerali huyo alitwaa madaraka tarehe 2 Machi 1962, na Julai mwaka huo huo askari wake waliwapiga risasi wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Rangoon, kisha wakalilipua kwa baruti jengo la umoja wa wanafunzi. Tangu hapo chuo kilibaki kuwa donda la serikali. Septemba 1987 noti za kyat 25, 35 na 75 zilifutwa bila fidia yoyote, na badala yake zikaja noti za 45 na 90 kwa sababu zinagawanyika kwa tisa, nambari ambayo Ne Win aliiamini kuwa ya bahati. Fikiria mwanafunzi aliyeletewa karo na wazazi wake wakulima, anaamka asubuhi na ile pesa mkononi mwake imekuwa karatasi. Machi 1988 ugomvi juu ya muziki katika mgahawa wa chai wa Sanda Win, karibu na taasisi ya teknolojia ya Rangoon, ukazaa maandamano, na mwanafunzi Phone Maw akauawa kwa risasi. Ne Win alijiuzulu uenyekiti wa chama Julai, tarehe 8 Agosti 1988 nchi nzima ikaingia barabarani, na tarehe 18 Septemba jeshi likatwaa tena hatamu kwa jina jipya. Makadirio yanayotajwa mara nyingi ni kwamba watu wapatao 3,000 walipoteza maisha, ingawa watawala walikiri mamia machache tu.

Mhusika Aung Ko anatoka ndani ya historia hiyo. Alikuwa profesa, akapoteza nafasi yake kwa sababu ya kuwasaidia wanafunzi wake, na tunapokutana naye anawatembeza wageni kwa gari kuukuu bila kibali. Filamu haituoneshi siku alipofukuzwa. Inatuonesha nyumba ya mashambani ambako wanafunzi wake wa zamani wanampokea, na hapo mwigizaji anafanya jambo ambalo mimi huwarudia wanafunzi wangu wa uigizaji kila mwaka: habadiliki sauti. Mwigizaji mwingine angetumia nafasi hiyo kutuonesha kwamba kumbe huyu mtembeza wageni ni msomi; angenyoosha mgongo, angepanua kifua, angeongea kwa madaha. Yeye anabaki yule yule aliyekuwa nyuma ya usukani, na wanaobadilika ni waliomzunguka. Heshima yake tunaiona katika macho ya vijana wanaomtazama. Kuacha wenzako wakubebee cheo chako ni kazi ngumu kuliko kukitangaza mwenyewe, na wengi wetu hatuiwezi.

Kuna maneno yake ambayo watazamaji wengi huyakumbuka, kwamba alifundishwa kuwa mateso ndiyo ahadi pekee ambayo maisha hayashindwi kuitimiza, na kwa hiyo furaha ikija tujue ni zawadi ya muda mfupi. Ni fundisho la Kibudha, na lingeweza kuanguka vibaya sana kama lingesemwa kwa sauti ya mawaidha. Aung Ko analisema kama mtu anayemweleza mgeni barabara inapopita. Nimewahi kuwachezea wanafunzi sehemu hiyo mara mbili, mara ya kwanza pamoja na picha na mara ya pili sauti peke yake, na mara zote mbili walisema kwamba kinachowagusa si busara ya maneno bali upole wa yule anayeyasema kwa Kiingereza cha taratibu, akichagua kila neno kana kwamba analitoa kwenye mfuko wenye sarafu chache.

Sasa nije kwenye swali lako zito: je, yupo kwa ajili ya kumsindikiza mgeni tu? Siwezi kukuficha kwamba lawama hiyo ina msingi. Mswada umemweka Mmarekani katikati, na maumivu ya taifa zima yanapitia kwenye maumivu yake. Yeye ndiye anayepona, na Burma ndiyo dawa. Sisi wa Afrika tunaujua mtindo huo. Filamu ya mwaka 1987 juu ya Steve Biko, mwanaharakati Mwafrika aliyepinga ubaguzi wa rangi Afrika Kusini, ilimpa mwandishi wa habari Mzungu sehemu kubwa ya hadithi, Biko mwenyewe akaigizwa na Mmarekani Denzel Washington, na picha zikapigwa Zimbabwe kwa kuwa Afrika Kusini ya wakati ule isingeruhusu. Kwa hiyo ukiniambia kwamba Mzee Aung Ko ni mfano wa kale wa mwenyeji mwenye hekima anayemfungua mgeni macho, nitakubali kwamba ndivyo alivyoandikwa.

Ila uhusika ulioandikwa na uhusika ulioigizwa ni vitu viwili. Tazama jinsi madaraka yanavyohama kati ya wawili hao. Mwanzoni yeye ndiye mwenye gari, lugha na njia. Anapopigwa risasi na wanapotoroka mtoni juu ya chelezo cha mianzi, yeye ni mwili uliolala, na daktari ndiye mwenye mikono. Hapo mwigizaji dhaifu angejaribu kututeka kwa kugugumia. Aung Ko anafanya kinyume: anajiachia. Anakubali kutibiwa kwa utulivu wa mtu aliyekwisha kubali mengi makubwa zaidi, na kwa kukubali kwake huko anampa yule mwanamke kitu ambacho hakuna aliyempa tangu alipofiwa, yaani mtu anayemhitaji kweli. Laura alikuwa ameshindwa kuushika mwili wa mgonjwa bila kumkumbuka mwanawe, na anayemrudisha kwenye udaktari wake ni mzee aliyelala kwenye mianzi bila kusema neno. Nikipima kwa urefu wa maneno, huo ni uhusika wa pili. Nikipima kwa uzito wa kinachotegemea mabega yake, filamu nzima ingezama kama chelezo kile kingekosa mtu wa kuaminika juu yake.

Kwa nini basi Suu Kyi hakuigizwa na Mburma? Sababu ya kwanza ni ya wazi: filamu isingeweza kupigwa ndani ya Burma, hivyo sehemu kubwa ilipigwa Malaysia, na mwigizaji yeyote aliyekuwa ndani ya Burma angeomba ruhusa kwa watu wale wale ambao filamu inawashitaki. Nafasi ya Suu Kyi ikaenda kwa Adelle Lutz, Mmarekani ambaye mama yake ni Mjapani. Msichana San San aliigizwa na Mmalaysia, Tiara Jacquelina. Miaka kumi na sita baadaye, Luc Besson alipotengeneza filamu nzima juu ya maisha ya Suu Kyi mwaka 2011, nafasi ilikwenda kwa Michelle Yeoh, Mmalaysia mwenye asili ya Kichina, ambaye alijitahidi kujifunza Kiburma mpaka akaweza kuigiza kwa lugha hiyo hotuba ambayo Suu Kyi aliitoa kwenye pagoda ya Shwedagon tarehe 26 Agosti 1988. Hakuwa Mburma, hakuwa mpinzani wa mtu yeyote, na bado Juni 2011 alipofika Yangon, yaani Rangoon, alirudishwa kwa ndege siku hiyo hiyo. Kama mgeni mwenye pasipoti ya nchi nyingine alifanyiwa hivyo kwa kuigiza tu, mpime mwenyeji mwenye mama na wadogo zake pale pale.

Waburma wenyewe wana mifano ya kutosha. Zarganar, mchekeshaji, mwigizaji na mwongozaji filamu, alikamatwa Juni 2008 baada ya kukusanya misaada kwa walioathiriwa na kimbunga Nargis na kuzungumza na vyombo vya habari vya nje. Akahukumiwa miaka 59, ikapunguzwa kuwa 35, na akaachiwa Oktoba 2011. Mwaka huo wa 2008 ilitoka filamu ya nne ya Rambo, ambayo si tamthilia ya siasa bali ni ya mapigano, lakini ndani yake kuna jambo linaloshabihiana na swali lako kuliko linavyoonekana. Ofisa katili wa jeshi la Burma aliigizwa na Maung Maung Khin, aliyekuwa mpiganaji wa Wakareni, moja ya makabila ya Burma, dhidi ya jeshi hilo hilo. Alijua kwamba jamaa zake waliobaki nyumbani wangeweza kukamatwa, akaikubali kazi. Huyu alivaa sare ya adui yake, Aung Ko alivaa jina lake mwenyewe, na njia zote mbili zilikuwa wazi kwa aliyekwisha kuvuka mpaka tu.

Na haikuwa hivyo daima. Sinema ya Burma ilianza mwaka 1920, nchi ikiwa bado chini ya Waingereza, na baada ya uhuru wa mwaka 1948 wasanii wake walitoka na kurudi. Mwaka 1954 Win Min Than, mwanamke wa Kiburma, aliigiza na Gregory Peck katika The Purple Plain, hadithi ya rubani wa jeshi la anga la Uingereza vitani Burma. Picha zilipigwa Ceylon, ambayo leo ni Sri Lanka, lakini yeye hakulazimika kuwa mkimbizi ili aonekane. Baina ya mwanamke huyo wa mwaka 1954 na mzee wa mwaka 1995 kuna mapinduzi ya 1962, kutaifishwa kwa sinema na wakaguzi wa kila mswada. Nikiwaza juu ya Aung Ko, hili ndilo linaloniuma zaidi: kwamba sura ya Mburma iliyofika kwa watazamaji wa dunia ilipaswa kupitia Ufaransa na Malaysia kwanza.

Usiichukue filamu kuwa kitabu cha historia. Ile picha ya usiku ambapo Suu Kyi anatembea kuelekea kwenye mitutu ya bunduki, nayo inashushwa mbele ya tabasamu lake, imetokana na tukio la kweli, lakini lilitokea Danubyu, katika maeneo ya delta ya mto Irrawaddy, tarehe 5 Aprili 1989, yaani miezi kadhaa baada ya maasi yanayosimuliwa. Tena aliyezuia risasi siku hiyo alikuwa meja aliyetengua amri ya kapteni. Waandishi wameondoa meja, wakahamisha mahali na mwaka. Naelewa kwa nini walifanya hivyo, maana Laura alihitaji kuona ujasiri kwa macho yake, ila mtazamaji ajue. Vilevile utasikia watu wakisema kwamba filamu ndiyo iliyomfungua Suu Kyi, kwa kuwa ilioneshwa kwenye tamasha la Cannes Mei 1995 naye akatolewa kifungo cha nyumbani tarehe 10 Julai mwaka huo, baada ya takriban miaka sita. Mimi sikubaliani nao. Alikuwa na Tuzo ya Amani ya Nobel tangu 1991, chama chake kilikuwa kimeshinda viti 392 katika uchaguzi wa Mei 1990 ulioporwa, na serikali nyingi zilikuwa zikidai aachiwe. Filamu iliongeza sauti moja kwenye kelele iliyokuwepo.

Kuna jambo ambalo mwaka 1995 nisingeweza kukuandikia. Filamu ilimjenga Suu Kyi kuwa sura takatifu, karibu kimya, mwenye maua kichwani. Desemba 2019 sura hiyo hiyo ilisimama The Hague kulitetea taifa lake katika kesi iliyofunguliwa na Gambia juu ya mauaji ya Warohingya, Waislamu walio wachache nchini humo, na wengi waliompenda walivunjika moyo. Tarehe 1 Februari 2021 jeshi likampindua na kumkamata tena, na ndani ya wiki chache wasanii waliounga mkono maandamano walianza kusakwa. Mwigizaji Lu Min, mwenye jina kubwa katika sinema ya Burma, alikamatwa mwezi huo huo. Ukiitazama Beyond Rangoon leo, sehemu za Suu Kyi zinasumbua, kwa sababu tunaleta nazo yote tunayoyajua. Sehemu za mzee hazisumbui. Mwalimu aliyekubali kupoteza kazi kuliko kuwaacha wanafunzi wake anaeleweka mwaka 1988, anaeleweka mwaka 2021 wakati walimu wa Burma walipogoma kwa maelfu kukataa utawala wa kijeshi, na kwa maoni yangu yeye ndiye aliyekuwa kiini cha filamu tangu mwanzo, ingawa tangazo lake lilibeba sura za watu wengine.

Limebaki swali la babu yako. Mto unaouona kwenye filamu si wa Burma, kwa sababu nilizokwisha kueleza, na hata katika hadithi yenyewe safari ya wawili hao inaanzia Rangoon na kuishia mpaka wa Thailand, upande wa mashariki. Keya walipigana upande wa pili kabisa, kaskazini-magharibi, karibu na India. Kama alikuwa katika Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, basi alishuka bonde la Kabaw kuanzia Agosti 1944, katikati ya mvua za monsuni, kwenye tope ambalo magari yalizama na malaria iliwaangusha wengi. Mto aliouona ni Chindwin. Divisheni hiyo iliuvuka karibu na Kalewa mapema Desemba 1944, na hapo wahandisi walijenga daraja la vyuma lenye urefu wa zaidi ya mita 300. Ukipata ramani, tafuta Kalewa kwanza, kisha fuata Chindwin kuelekea kusini mpaka unapoingia Irrawaddy.